Mmoja Kutoka Kila Jozi

Jumanne, 28 Oktoba 1997

Mwalimu Stephania, jirani yangu hapa uani, kasema anayejiandaa na mtihani aandike kila siku, chochote kile, mkono usigande. Haya, naandika. Kurwa kalala. Doto yuko kwenye titi, ananyonya kidogo anaacha, ananyonya anaacha, kama mtu anayeonja mboga ya jirani.

Mtihani ni Jumamosi ya tarehe ishirini na mbili mwezi ujao, kule misheni. Kozi ya wahudumu wa afya, mwaka mzima. Atakayepita anapewa chumba, anakula pale pale, na kuna mama wa kuangalia watoto wakati wazazi wako darasani. Nilimuuliza Sista: hata kama ni wawili? Akacheka. Hata wakiwa wawili. Nilitoka pale natembea kama sikanyagi chini!

Halafu jioni ikaja hesabu. Mwalimu akanipa swali la kwanza, kipeuo cha pili cha 4, nikaandika 2, akaweka tiki. La pili, 16. Nikaandika 8, haraka, bila kufikiri. Akanipa 36. Nikaandika 18. Nikamwona anauma midomo asicheke.

— Weye, nani alikuambia kugawa?

Nikamwambia mwalimu, mimi mama wa mapacha. Kitu kikiwa cha wawili ni nusu kwa nusu, tangu wazaliwe sijui hesabu nyingine. Uji nusu kwa nusu. Kanga nikiichana, nusu kwa nusu. Mgeni akimsalimia Kurwa lazima amgeukie na Doto, la sivyo mmoja ataugua, ndivyo tulivyokuta kwa wazee.

Akasema hapa hakuna kugawana. Tafuta namba ambayo ikijizidisha yenyewe inaleta 16. Nikabisha: mbona 4 nilisema 2 ukaweka tiki? Na 2 ni nusu ya 4! Akasema 4 ndiyo namba inayodanganya watoto wote, huku na kule kwao Uvira vilevile.

Najiuliza tu. Mtu wa kuosha vidonda, vipeuo vya nini? Lakini Sista kasema hesabu zote za darasa la saba. Mimi la saba nilimaliza Kidahwe, na vipeuo nilivifunika na daftari nikavipita.

Jumatano, 29 Oktoba

Mwalimu kaja na maharage kwenye kikombe. Kayamwaga sakafuni kwangu. Akasema panga kumi na sita, idadi ya mistari iwe sawa na ya walio ndani ya kila mstari. Nikahangaika. Mistari miwili ya nane — hapana. Mwisho ikatoka: mistari minne, kila mstari wanne. Mraba! Pande zote sawa. Nikakaa naitazama kama mtu aliyeona sura yake kwenye maji.

Si kwamba wanne na wanne wanagawana. Kila mmoja wa wale wanne anabeba wanne.

Nikapanga 12. Haikubali. Inatoka mkeka, haitoki mraba. Nikapanga 25, ikakubali, tano kwa tano. Kurwa akaja anatambaa mbio, akachukua harage moja la pembeni, mdomoni! Nikatia kidole nikalitoa. Mwalimu anacheka, na Kifaransa chake: bon, umeona, mtoto amefundisha vizuri kuliko mimi. 24 iko na pengo. Mraba kamili hauna pengo.

Doto hakunyoosha mkono. Alikuwa anatazama tu yale maharage.

Ijumaa, 31 Oktoba

Kliniki. Kwenye kadi ya uzito nukta ya Kurwa iko kwenye kijani. Doto kaingia nyekundu. Nesi hakunigombeza. Alichora nukta, akaniangalia, akamwita anayefuata. Afadhali angenigombeza.

Jumamosi, 1 Novemba

Ufukweni Kibirizi tangu alfajiri. Giza la mwezi hili wavuvi wamepata, mitumbwi imekuja na dagaa hadi juu. Tukaanika. Mimi nikigeuza dagaa nasoma miraba kichwani: moja, nne, tisa, kumi na sita, ishirini na tano, thelathini na sita. Kumbe midomo inacheza. Winfrida, anayeanika karibu nami, ananiona, anaita wenzake: jamani Mama Kurwa anamroga nani huku? Nikamwambia nasoma. Mia moja ishirini na moja! Mia moja arobaini na nne! Basi wote wakaanza: nesi, nesi wa dagaa, njoo unitibu mgongo!

Nimecheka sana. Sikuwa nimecheka hivyo tangu mume wangu Marselino avuke ziwa.

Saa tano mbingu ikafunguka. Si mvua, ni ukuta. Tulikimbia na maturubai, tukakusanya kwa mikono, na mchanga humo humo. Nusu ya dagaa wangu wamelowa. Wataharibika rangi, watabaki wa kuku. Mwaka huu mvua ina wazimu, hata wazee wanasema hawajaona.

Nimerudi na mapacha wamelowa pia. Nikawakausha pamoja kwenye kanga moja.

Jumapili, 2 Novemba

Mama mkwe katoka Kidahwe kuja kuwaona wajukuu. Mama Agnesi, mama yake Marselino. Kaleta mihogo mikavu na mawese. Yeye hawaiti Kurwa na Doto, anawaita Bukuru na Butoyi, majina ya kwao kwa Kiha. Kambeba Doto. Kamgeuza. Kamshika mapaja na vidole viwili. Kaniomba kadi ya kliniki. Hajui kusoma lakini nyekundu anaijua.

Hakupandisha sauti. Alisema hivi — nayaandika kama yalivyo ili nisijidanganye baadaye:

— Mkamwana, mwanangu kaenda na sabuni zake ng'ambo mwaka jana, vita vikamkuta huko. Hajulikani hai wala maiti. Wewe uko na dagaa ambao hawakauki. Maziwa yako ni ya mtoto mmoja. Mimi nina ng'ombe aliyezaa. Nipe mmoja.

Nikasema mapacha hawatenganishwi. Akasema ego, ndiyo, hata mimi nilifundishwa hivyo. Lakini wawili siwawezi, nina miaka yangu na mgongo wangu. Mmoja namuweza.

Nikamwambia habari ya kozi. Nilimwambia yote, chumba, chakula, mama wa kulea. Alisikiliza mpaka mwisho. Akasema ukipita, sawa, nitashukuru Mungu. Usipopita, mwisho wa mwezi naja na mbeleko yangu. Wewe mwenyewe utaniambia yupi.

Yupi!

Alipoondoka nilikaa sakafuni. Nikajaribu kufikiri, kwa dakika moja tu, ningesema nani. Kurwa aliye na nguvu, angeweza safari, angeishi popote. Doto ndiye mwenye kuhitaji maziwa ya ng'ombe. Nikajipiga kofi. Kweli, nilijipiga.

Basi ndiyo hivyo. Nikipita, wote wawili. Nisipopita, mmoja.

Jumanne, 4 Novemba

Miraba mpaka ya 20 ninayo kichwani. 400! Mwalimu kanipima huku anapika, akiziruka ruka namba: 17? Mia mbili themanini na tisa. 13? Mia moja sitini na tisa. Kipeuo cha 225? Kumi na tano! Hakuna nililokosa. Kanipa kipande cha samaki, mgebuka, cha zawadi. Nusu nikamtafunia Kurwa, nusu Doto. Doto kala! Kidogo, lakini kala.

Nikipita nitamnunulia Mwalimu kitenge.

Ijumaa, 7 Novemba

Leo namba kubwa, ambazo huwezi kuzikariri. Unaivunja namba kwa namba tasa, ngazi kwa ngazi mpaka ibaki moja. Kuvunja naweza, ni kugawanya tu. 36: kwa 2, kwa 2, kwa 3, kwa 3. Mwalimu akasema sasa tazama, zinakuja jozi jozi, mbili na mbili, tatu na tatu. Zizungushie. Nikazizungushia. Jozi! Nikafurahi, nikasema hawa ni mapacha. Akasema sawa, mapacha.

— Bon. Sasa kutoka kila jozi toa mmoja.

Nikaandika 2, 2, 3, 3. Nikazidisha. 36.

Akasema hapana, umerudia namba ileile. Toa mmoja mmoja. Nikasema ndiyo. Akanipa 100. Nikaivunja vizuri, 2, 2, 5, 5, nikazizungushia. Nikaandika chini 2, 2, 5, 5. Jibu 100.

Mwalimu akaweka kalamu chini.

— Mama Kurwa, kipeuo cha 100 unakijua kichwani. Uliniambia juzi.

Najua. Kumi. Najua! Lakini nikifika pale pa kuzungushia mkono unawaandika wote wawili. Sikuweza kumweleza. Nilisema nimechoka.

Jumamosi, 8 Novemba

Nimekosea tena. 324, 441, 900. Zote nimezirudisha kama zilivyokuja. Mwalimu leo alikasirika, alisema sauti ya darasani: unatania ama? Halafu akawaona watoto wamelala pale mkekani, miguu ya mmoja juu ya tumbo la mwenzake. Akaketi kando yao. Nikamwambia maneno ya mama mkwe. Hakuwa anajua.

Yeye alikimbia vita kwao, akapanda boti mwezi wa kwanza na mwanawe wa kiume. Mabinti walikuwa kwa dada yake, mtaa mwingine, hakukuwa na muda wa kwenda kuwachukua. Alisema hilo moja tu, na hakulieleza.

Halafu akachukua kalamu:

— Yule anayebaki ndani hakupotea. Yule anayetoka anatoka kwa jina la wote wawili. Kumi ukiizidisha yenyewe, wote wanarudi. Wanarudi 100, hakuna aliyekosekana. Umeelewa?

Nikasema nimeelewa. Nikafanya 196 mbele yake: 2, 2, 7, 7. Nikatoa mbili moja na saba moja. Kumi na nne. Sahihi.

Kwenye karatasi wanarudi, ndiyo. Kwenye karatasi.

Jumatatu, 10 Novemba

Kliniki maalumu. Doto kapungua tena. Mvua. Dagaa hakuna, mwezi umekuwa mkubwa, wavuvi wamelala nyumbani wanashona nyavu. Sikusoma.

Alhamisi, 13 Novemba

Mwalimu kaanza mada ya mwisho. Kuna namba ukiivunja mmoja anabaki bila mwenzake. Kama 72: mbili na mbili, tatu na tatu, halafu mbili nyingine iko peke yake. Nikauliza, huyo wa peke yake anafanywaje? Akasema hiyo namba si mraba kamili, kipeuo chake hakitoki kizima, kinatoka na desimali zisizoisha. Nikasema maskini. Akacheka.

Kasema kwenye mtihani wanapenda kuuliza kitu fulani juu ya huyo mpweke. Ni mtego lakini ni rahisi, kesho nitakuonyesha. Sasa, akasema, nimuwashie moto mwanangu, kaja na njaa.

Leo nimepata zote za jozi. Tano kwa tano. Nimeanza kuamini. Nimewaambia mapacha tutakaa kwenye chumba chenye dirisha la wavu.

Ijumaa, 14 Novemba

Wamemchukua Mwalimu Stephania.

Asubuhi. Askari walipita nyumba kwa nyumba, wanatafuta wakimbizi wanaoishi nje ya kambi. Lori limesimama kule chini barabarani. Sisi wapangaji tulitolewa uani. Mzee Nasri, mwenye nyumba, akasema huyu mama ni binti wa shangazi yangu. Wakamuuliza yeye mwenyewe mzee, wewe je, mwenyeji wa wapi? Mzee Nasri kazaliwa Ujiji! Baba yake ndiye aliyetoka ng'ambo, zamani hizo. Aliwaambia nimezaliwa hapa, nimezika hapa wazazi na watoto, mniulize nini tena. Mmoja wao alikuwa kijana, akaona haya, akasema shikamoo mzee. Lakini wakamwambia Mwalimu achukue vitu vyake.

Alikuwa na sufuria, na mwanawe, na begi. Hakulia. Alipopita kwangu alinishika mkono, akasema haraka haraka:

— Huyo wa peke yake, mama—

Askari akasema twende. Akaenda. Hakumaliza.

Nilikimbilia lori na Doto mgongoni, Kurwa nimemwacha analia uani. Wamejaa humo hadi wamesimama. Nikamtafuta kwa macho, sikumwona. Nikapiga kelele tu, Mwalimu! Wanawake kama kumi wakageuka. Huenda wote walikuwa walimu, sijui.

Jumamosi, 15 Novemba

Sina la kuandika.

Jumapili, 16 Novemba

Mzee Nasri kaniletea kikombe cha maharage cha Mwalimu. Kasema kilibaki jikoni. Nimeyapika. Watoto wamekula mchuzi wake. Nilifanya vibaya? Walikuwa na njaa.

Jumanne, 18 Novemba

Nimejaribu peke yangu. Nimeandika 72, nimeivunja, nimezungushia jozi. Mbili moja iko pale pembeni. Nikaitazama mpaka macho yakauma. Mtego gani? Wataniuliza nini juu yake? Niifute? Niiache? Niigawe nusu?

Kwa hasira nilichana ule ukurasa, Kurwa akadhani ni mchezo, akachana na wake. Doto alicheka. Sauti ndogo, kama ya paka. Nikachana mwingine ili acheke tena. Hakucheka.

Winfrida kaja kunituliza. Kasema shoga, kwani ukimpeleka mtoto kwa bibi yake kafa? Mimi nimelelewa na bibi, si niko hapa, mnene hivi? Alisema kwa upendo. Nilimwambia wewe hukuwa na mwenzako aliyebaki anakutafuta kitandani. Kurwa akiamka anapapasa kwanza. Kabla hajafumbua macho anapapasa. Akimpata Doto ndipo analala tena.

Winfrida akaanza kuokota zile karatasi. Halafu akasema basi Jumamosi nitakushikia watoto, mimi na wewe tutakwenda wote misheni, na nikikusikia unaroga tena nitakucheka.

Ijumaa, 21 Novemba

Kesho. Nimenoa penseli. Nimefua nguo yangu ya kanisani. Mvua haijakatika tangu juzi.

Ninajua: miraba yote. Kuvunja. Jozi, mmoja kutoka kila jozi. Sijui: huyo wa peke yake.

Mungu, usilete swali la huyo wa peke yake. Au ulilete na jibu lake.

Jumamosi, 22 Novemba

Nimefanya. Nimerudi. Naandika kwa mpangilio, kichwa kinavuma.

Tulikuwa wengi, chumba kizima, wasichana wengine wana sare za sekondari bado mpya. Winfrida alikaa barazani na mapacha. Kiswahili kilikuwa rahisi. Hesabu za kwanza rahisi. Likaja shamba la mraba lenye eneo la mita za mraba 169, tafuta upande mmoja. Kumi na tatu! Nilitaka kucheka kwa sauti.

Halafu lile. Nililisoma mara ya kwanza nikaona giza. Lilisema hivi: ni namba gani ndogo kabisa ambayo ukizidisha nayo 72 utapata mraba kamili?

72! Ileile! Nikaivunja. Mbili na mbili. Tatu na tatu. Na yule mmoja pembeni. Nikamtazama. Sikufanya hesabu yoyote, naapa. Nilimwona tu pale alivyokaa, nikajua anataka nini. Anataka mwenzake. Mpe mbili nyingine, basi! Nikaandika 2. Nikazidisha kuhakikisha, 144, kumi na mbili kwa kumi na mbili. Mraba usio na pengo. Mwalimu, umeona? Machozi yalidondoka kwenye meza, si kwenye karatasi, niliwahi.

Swali la mwisho lilikuwa kipeuo cha pili cha 1764. Nikaanza kuvunja. Na hapo hapo nikasikia Doto analia nje. Si kilio cha njaa, kile kingine, cha kukauka. Winfrida anaimba, Kurwa naye akaanza. Msimamizi akafunga dirisha. Bado nilimsikia. Nikavunja, nikazungushia, nikaandika, nikazidisha, nikapeleka karatasi nikatoka mbio.

Njiani Winfrida ananiuliza la mwisho lilikuwaje. Nikamwambia lilikuwa zuri, mbili na mbili, tatu na tatu, saba na saba. Akasema na jibu? Nikasema elfu moja mia saba sitini na—

Nikasimama katikati ya barabara.

Niliwatoa wote. Wote sita. Nimeandika jibu ni 1764. Swali na jibu ni kitu kimoja! Hata mtoto wa la kwanza angeshtuka. Arobaini na mbili ilikuwa pale, mkononi mwangu, ningetoa mmoja mmoja tu. Na nilikuwa najua. Wiki nzima najua.

Winfrida kasema swali moja halimwangushi mtu. Labda. Wanachukua wachache na tulikuwa wengi, na wale wa sare mpya hawakuwa na mtoto anayelia nje.

Majibu yanabandikwa Jumatatu asubuhi, mlangoni kwa Sista.

Jumapili, 23 Novemba

Mama mkwe yuko ndani. Leo! Hakungoja mwisho wa mwezi.

Kaja na pikapu ya mihogo. Kasema daraja dogo la njiani linataka kwenda na maji, likienda hatutafikiana tena mpaka mvua ziishe, na Doto hawezi kungoja mvua ziishe. Pikapu inarudi Kidahwe saa nane. Nilipiga magoti. Mama, kesho asubuhi tu. Kesho majibu yako mlangoni, twende wote, ukiambiwa jina langu lipo hakuna wa kuondoka. Akaniuliza, na lisipokuwepo, nitapita wapi? Nikasema lipo. Akasema umeliona? Nimwambie nini, kwamba pale pa kutoa mmoja mmoja niliwaandika wote?

Hana ubaya, ndilo linaloniua. Angekuwa mbaya ningepiga kelele, majirani wangekuja. Kaleta maziwa kwenye chupa, yamechemshwa, yamefunikwa na jani la mgomba. Kamlisha Doto kwa kijiko, taratibu, anamwimbia Kiha. Doto kamaliza kikombe. Doto! Ambaye mimi namsihi kwa tone. Kamaliza na akatazama kama kuna kingine.

Leo hakuniuliza yupi.

Kamfunga mgongoni, na mbeleko mpya ya maua. Doto kalaza shavu, kalala papo hapo. Kurwa kaona. Katambaa mpaka kwenye miguu ya bibi yake, kashika pindo la kanga, kajivuta akasimama. Hajawahi kusimama. Leo ndiyo kasimama.

Nikamchukua nikatoka naye uani, nikasema naanua nguo. Mvua imepumzika. Nimekaa juu ya ndoo, naandika, Kurwa ananyonya kulia. Kushoto maziwa yametoka yenyewe, hakuna aliyeyaita, yamelowesha blauzi, yanadondoka mpaka hapa kwenye karatasi na wino unatanuka. Ananyonya anaacha, anageuza kichwa upande wa pili, anatazama nafasi. Ananyonya tena.

Dereva kapiga honi. Mzee Nasri anamwambia asubiri kidogo, bwana, kuna mzazi humu. Dereva anasema wingu lile pale mzee, huoni?

Mama mkwe anaita kutoka mlangoni, kwa sauti ya chini, asimwamshe mtoto:

— Mama Kurwa. Nipe nguo zake.

Nguo ziko hapa mapajani. Vigauni, kofia, zile fulana za kliniki. Nimezipekua mara ya pili sasa. Zake ni zipi? Sijawahi kuzitenga. Aliyelowa anavalishwa iliyokauka, ndivyo tunavyoishi. Zake—

Anaita tena.